Tiro: Nebukadreza alizingira miaka 13, Alexander aliingiaje kwa miezi saba?

Mwalimu_Kajulu (Kisumu)

Habari zenu, wapenzi wa historia. Wanafunzi wa sekondari hapa Kisumu wanaandaa mdahalo unaounganisha historia na somo la dini, na mada ni kuinuka na kuanguka kwa Tiro, ule mji wa Wafoinike. Kundi la kwanza linashikilia kwamba Nebukadreza wa Babeli aliumaliza, kwa kuwa Ezekieli 26 inamtaja kwa jina. Kundi la pili linasema ni Alexander wa Makedonia, mwaka wa 332 KK. Halafu mmoja wao kafungua atlasi akakuta mji uitwao Sur kusini mwa Lebanon, wenye watu na bandari ya wavuvi, na sasa wote wamekwama.

Naomba wanaoijua mada wanisaidie kwa mambo matatu. Mji uliojengwa juu ya mwamba baharini ulipataje utajiri wote ule? Kwa nini Babeli ilikesha miaka 13 nje ya ukuta, na Mgiriki akaingia kwa miezi saba? Na je, Tiro ilianguka lini hasa? Nipeni vipimo na tarehe, maana hawa vijana hawakubali jibu la jumla.

Tanga_la_Dunga (Kisumu)

Mwalimu, anza na jiwe lenyewe. Jina la Kifoinike la mji huo lina maana ya mwamba, na ndilo Waarabu walilorithi wakasema Sur. Mwamba huo ulikuwa kisiwa, mita 700 hivi kutoka pwani. Pliny, mwandishi wa Kirumi, aliupa mzunguko wa stadia 22, yaani karibu kilomita 4. Mtu mzima angeuzunguka kwa miguu kwa saa moja. Mkabala nao, bara, kulikuwa na mji wa pili ulioitwa Ushu, ambao Wagiriki waliuita Tiro ya Kale. Wanafunzi wako wachoreeni Tiro mbili ubaoni, ya maji na ya bara, kabla hawajafungua mdomo. Nusu ya ubishi wao itaisha hapo.

Kisiwa kilikuwa na bandari mbili: ya kaskazini iliyotazama Sidoni na ya kusini iliyotazama Misri. Pepo zikibadilika, meli zilikuwa na upande wa kujificha. Hakikuwa na mto, msitu wala shamba la maana. Katika karne ya 14 KK mfalme wake, Abi-Milku, alimwandikia Farao barua kwenye vibao vya udongo, zile zilizopatikana Amarna mwaka wa 1887. Alilia kwamba mtawala wa Sidoni ameichukua Ushu, na sasa watu wa kisiwani hawana maji, hawana kuni, wala hawana mahali pa kuzikia wafu. Ndiyo maana kila adui aliyejua kazi yake alianzia Ushu.

Wenyeji walijifunza kuishi na udhaifu huo. Josephus, mwanahistoria Myahudi, anaeleza kwamba mfalme wa Ashuru, Shalmanesa, aliweka walinzi mtoni na kwenye mifereji ili Watiro wafe kiu, nao wakavumilia miaka mitano wakinywa maji ya visima walivyochimba. Mradi bahari ilikuwa mikononi mwao, nafaka ilifika na biashara iliendelea, hata kama bara lote lilikuwa la adui. Msingi wa jibu la swali lako la pili uko hapo: Ashuru na Babeli walikuwa na majeshi ya nchi kavu. Waliweza kuifunga Ushu, lakini hawakuweza kuifunga bahari.

Kuhusu utajiri, soma 1 Wafalme 5 ukiwa na kikokotoo. Hiramu, mfalme wa karne ya 10 KK, alimpa Sulemani mierezi na misonobari, ikifungwa magogo kwa magogo na kuelea pwani hadi ilikopokelewa. Sulemani akalipa kori 20,000 za ngano kila mwaka. Kori moja ikikadiriwa kuwa lita 220, hiyo ni karibu magunia 37,000 ya kilo 90, yale yale tunayopimia mahindi. Kisiwa kiliuza ufundi, mbao na usafiri, kikala jasho la mashamba ya wengine. Zaidi ya miaka 900 baadaye hali ilikuwa ile ile: Matendo 12:20 inasema watu wa Tiro na Sidoni walitaka amani na Herode kwa sababu nchi yao ilipata chakula kutoka nchi ya mfalme.

Sasa meli. Mbao za ubavu hazikushonwa kwa kamba. Fundi alichonga tundu kwenye ukingo wa kila ubao, akaingiza ulimi wa mti mgumu unaoingia nusu huku nusu kule, kisha akatoboa na kupiga kigingi kupitia ulimi huo ili mbao zisiachane. Warumi walipoiga kiungo hicho walikiita cha Kipuni, yaani cha Wafoinike wa Carthage. Faida yake ni kwamba ubavu unakuwa kama ubao mmoja na unastahimili mawimbi ya bahari kuu. Hasara yake ni kwamba ubao mmoja ukioza, kuutoa ni kuvunja majirani zake. Ezekieli 27 inataja vifaa kwa majina: misonobari ya Seniri kwa mbao, mwerezi wa Lebanon kwa mlingoti, mialoni ya Bashani kwa makasia, kitani cha Misri kwa tanga, na mafundi wa Gebali (mji ambao Wagiriki waliuita Byblos) wa kutia kalafati, yaani kuziba nyufa za mbao. Nabii aliyeandika orodha ile alikuwa anajua gati linavyofanya kazi.

Kwa meli hizo walifika Hispania. Walijenga Gadir, ambayo leo ni Cádiz, nje kabisa ya mlango wa Mediterania, ili wawe karibu na fedha ya milima ya Rio Tinto. Diodorus, mwanahistoria wa Kigiriki, anasimulia kwamba shehena ya fedha ilizidi uwezo wa meli hadi wakatoa risasi kwenye nanga na kuweka fedha mahali pake. Mwaka wa 814 KK, kwa mapokeo yanayokubalika zaidi, walianzisha Carthage katika pwani ya Tunisia ya leo. Jina hilo maana yake ni mji mpya, na Carthage iliendelea kupeleka sadaka kwa mungu Melqart huko Tiro kwa karne kadhaa.

Ashuru haikutaka kuivunja Tiro, kwani ng'ombe wa maziwa hachinjwi. Tiglath-Pileser wa Tatu alichukua talanta 150 za dhahabu kwa mfalme Metenna. Talanta moja ni kilo 30 hivi, kwa hiyo zaidi ya tani nne. Iko pia barua ya ofisa wa Ashuru wa wakati huo anayesema kwamba watu washushe magogo kutoka mlimani na wayauze, atoze kodi, ila wasiwauzie Wamisri wala Wafilisti.

Bathiki_Kakamega

Tanga umeruka zambarau, na bila zambarau hujaeleza Tiro. Ngoja niieleze, maana watu huandika "rangi ya konokono" wakapita kana kwamba walikuwa wanakamua embe.

Konokono wenyewe ni wa baharini, wa jamii ya Murex, aina tatu hivi. Walitegwa kwa migono iliyotiwa chambo cha kome. Lazima wafike wakiwa hai, kwa sababu akifa humwaga ule utomvu na kazi inakuwa bure. Gamba hutobolewa mahali tezi ilipo, na tezi hiyo ni ndogo mno. Mwaka wa 1909 mkemia Paul Friedländer alitumia konokono 12,000 akapata gramu 1.4 za rangi safi. Gramu moja na nukta nne! Kijiko cha chai hakijai. Huko Sidoni, jirani yake, magamba yaliyotupwa yalifanya kilima kizima.

Utaratibu anaoutoa Pliny ni huu. Tezi hutiwa chumvi, kipimo cha nusu lita hivi kwa kila kilo 33, zikalala siku tatu. Kisha huwekwa pamoja na maji kwenye vyombo vya risasi, moto ukiletwa kwa bomba refu kutoka tanuru ili joto liwe la wastani, na mabaki ya nyama hukokolewa juu. Siku ya kumi hivi hujaribiwa kwa kutumbukiza sufu iliyosafishwa mafuta. Sufu hulowa saa tano, huchambuliwa, hurudishwa tena. Zambarau ya Tiro ilikuwa ile iliyochovywa mara mbili, na ilisifiwa ikifanana na damu iliyoganda.

Anayepaka nguo kwa nili ataelewa mara moja kwa nini siku kumi. Zambarau hii ni nili yenye atomi mbili za bromini ndani yake, na kama nili, haiyeyuki majini. Lazima oksijeni iondolewe kwanza ndipo iingie kwenye uzi. Ukiutoa uzi hewani, rangi hurudi na kujifunga humo. Kwa mapipa ya kale kazi ya kuondoa oksijeni ilifanywa na bakteria wa ile nyama inayooza. Hapo ndipo panapoharibika. Ukichemsha, bakteria hufa na pipa linakaa bure. Wanaorudia kazi hii siku hizi hushikilia nyuzi joto 50 hivi na kulinda maji yasiwe na uchachu. Ukiacha pipa wazi sana, oksijeni hurudi. Na jua likipiga maji wakati rangi bado imeyeyuka, bromini hutoka na uzi unakuwa wa buluu. Kwa hiyo fundi mmoja mwenye pipa moja aliweza kutoa zambarau au buluu kwa kuchagua kivuli au mwanga.

Harufu yake usiiulize. Strabo, mwanajiografia wa Kigiriki, aliandika kwamba wingi wa viwanda vya rangi uliufanya mji usiwe wa kupendeza kuishi, ila uliutajirisha. Na bei? Amri ya Kaizari Diocletian ya mwaka 301 BK iliweka ratili moja ya hariri ya zambarau kuwa denari 150,000. Amri hiyo hiyo ilimpa kibarua wa shamba denari 25 kwa siku pamoja na chakula. Kibarua angefanya kazi siku 6,000, zaidi ya miaka 16, kwa ratili moja. Angalia pia tarehe: 301 BK ni zaidi ya miaka 600 baada ya Alexander. Viwanda vya Tiro vilikuwa bado vinafuka moshi.

Tuta_la_Mbita

Swali la pili la Mwalimu ndilo langu. Babeli ilizingira miaka 13, kuanzia 586 KK hivi, na ikaishia kwa makubaliano: Tiro ikakubali kuwa chini yake, lakini kisiwa hakikutekwa wala hazina haikuporwa. Ezekieli mwenyewe, sura ya 29:18, anakiri kwamba jeshi la Nebukadreza lilitumika hadi vichwa vikapata upara na mabega yakachunika, na halikupata ujira kutoka Tiro. Kundi lako la kwanza lisome mstari huo kabla ya kusimama.

Alexander alikuwa na sababu ya kutoondoka. Meli za vita za Uajemi kwa sehemu kubwa zilikuwa za Wafoinike, na hakutaka kwenda Misri akiiacha bandari yao kubwa nyuma yake. Aliomba aingie kisiwani kumtolea sadaka Melqart, ambaye Wagiriki walimfananisha na Herakles. Watiro wakamwambia akatolee Tiro ya Kale, bara. Januari 332 KK akaanza kujenga tuta.

Vipimo: urefu wa tuta karibu mita 700 hadi 800, upana mita 60 kwa maelezo ya Diodorus. Mawe yalitoka kwenye nyumba za Tiro ya Kale zilizobomolewa, na mierezi ilitoka milimani. Karibu na pwani kina kilikuwa kidogo na chini ni tope. Nguzo zilikita vizuri, na tope likashika mawe kama saruji. Kadiri walivyosogea, kina kiliongezeka hadi pima tatu, kama mita tano na nusu, chini kabisa ya ukuta ambao upande huo Arrian, mwandishi wa historia ya Alexander, anaupa futi 150. Huko kazi ikakwama. Mishale kutoka juu, meli za Watiro kutoka pande mbili, na wafanyakazi wamevaa nguo za kazi, si za vita.

Alexander akasimamisha minara miwili kwenye ncha ya tuta, ikafunikwa ngozi mbichi ili mishale ya moto isishike. Watiro wakajibu kwa chombo ambacho kila baharia anapaswa kukisoma. Walichukua meli ya kubebea farasi, wakainua kingo zake, wakaijaza kuni kavu, lami na kiberiti cha unga. Juu ya omo, yaani mbele ya meli, walisimamisha milingoti miwili yenye foromali, ile miti ya kukingama, na kwenye foromali wakaning'iniza masufuria ya mafuta yanayowaka kwa urahisi. Shetri, yaani nyuma ya meli, wakaiwekea mzigo mzito ili omo iinuke juu ya ukingo wa tuta. Wakasubiri upepo unaoelekea bara, wakaivuta kwa meli nyingine, wakawasha na mabaharia wakaogelea kurudi. Foromali zilipoungua zikavunjika, masufuria yakamwagika juu ya moto, na minara yote miwili ikaisha.

Kosa la tuta la kwanza lilikuwa wembamba: minara miwili tu, shabaha mbili tu. Alexander akaamuru lipanuliwe ili libebe minara mingi. Lakini kilichogeuza vita si tuta. Alikwenda Sidoni kutafuta meli, na wafalme wa Arvadi na Byblos waliposikia miji yao iko mikononi mwake, waliliacha jeshi la Uajemi na kumletea meli 80 pamoja na za Sidoni. Kupro, ikiona hivyo, ikaleta 120. Kwa mara ya kwanza adui wa Tiro alikuwa na meli nyingi kuliko Tiro. Tanga alisema Ashuru na Babeli hawakuweza kuifunga bahari. Alexander aliifunga, tena kwa msaada wa ndugu wa Tiro wenyewe.

Hata hivyo ilichukua miezi. Watiro walikuwa wametupa mawe makubwa majini ili meli zenye magogo ya kubomolea zisikaribie ukuta. Meli za Alexander zikatia nanga ili ziyang'oe kwa kamba. Wapiga mbizi wa Tiro wakakata kamba za nanga chini ya maji. Wamakedonia wakabadilisha kamba kwa minyororo, na hapo mbizi ikakosa kazi. Upande wa tuta ukuta haukuvunjika kamwe. Uliovunjika ni wa kusini, kwa mashine zilizofungwa juu ya meli zilizounganishwa mbili mbili, siku bahari ilipotulia. Mwambie mwanafunzi yeyote anayesema "tuta lilishinda" akaangalie ramani ya mahali walipoingilia.

Mwalimu_Kajulu (Kisumu)

Asanteni sana. Dada wa Kakamega, hesabu ya kibarua imewanyamazisha wote. Sasa limebaki swali la tatu. Na mwanafunzi mmoja anauliza: kama tuta halikuvunja ukuta, kwa nini leo Tiro si kisiwa? Mawe ya miezi saba yanawezaje kutengeneza rasi pana hivyo?

Jambo lingine: mwenzangu anataka tulinganishe na bandari ya Kisumu, iliyoinuka reli ilipofika 1901 na kusinyaa Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika 1977. Mnaonaje?

Nakuru_Kale

Ulinganisho huo utumie kwa uangalifu, Mwalimu. Kisumu ilisinyaa kwa sababu mipaka na mikataba ilibadilika huku gati likibaki pale pale. Tiro ilipoteza vyote viwili: njia za biashara, na umbo lake lenyewe. Sehemu ya kwanza inafanana. Ya pili haifanani.

Kuhusu tarehe ya kuanguka, hakuna moja. Mwaka wa 332 KK ulikuwa mchinjo: Arrian anataja Watiro 8,000 waliouawa na watu 30,000 waliouzwa utumwani, na waandishi wengine wanasema vijana 2,000 walisulubiwa pwani. Mfalme Azemilcus na wajumbe wa Carthage, waliokimbilia hekalu la Melqart, walisamehewa. Hapo mwanafunzi atasema "basi, mwisho". Lakini miaka 17 tu baadaye, mwaka wa 315 KK, jenerali Antigonus aliizingira Tiro tena na ikamchukua zaidi ya mwaka. Mji uliokufa hauzingirwi zaidi ya mwaka.

Pigo la kudumu lilikuwa Alexandria, iliyoanzishwa 331 KK, mwaka mmoja baada ya mzingiro, kwenye mdomo wa nafaka ya Misri. Biashara ya mashariki ya Mediterania ilipata mlango mpya. Carthage nayo ikaangushwa na Roma mwaka wa 146 KK, na Tiro ikakosa binti wa kuegemea upande wa magharibi.

Hata hivyo iliinuka tena kwa kiwango cha mji wa mkoa. Mwaka wa 126 KK ilipata uhuru wake ikaanza kupiga shekeli za fedha ambazo hekalu la Yerusalemu lilizipokea kwa kodi, kwa kuwa uzito na usafi wake uliaminika, ingawa zilikuwa na sura ya Melqart. Warumi waliijengea uwanja wa mbio za magari ya farasi wa karibu mita 480, ambao mabaki yake yanasimama. Paulo alikaa humo siku saba, Matendo 21. Wapiganaji wa msalaba waliiteka 1124, na ilipoangukia Wamamluki, watawala wa Misri, mwaka wa 1291 ukuta ulibomolewa ili isitumike tena kama ngome. Kwangu mimi, kama unalazimishwa kutoa tarehe moja ya kuanguka kwa Tiro kama bandari kuu, ni 1291. Kama unataka tarehe ya kupoteza ukuu wa baharini, ni 332 KK.

Kwa upande wa dini, waelekeze kwenye Ezekieli 26:3. Pale unabii unasema mataifa mengi yatakuja juu ya Tiro kama bahari inavyoinua mawimbi yake. Makundi yako yote mawili yanashika wimbi moja moja.

Tuta_la_Mbita

Swali la mwanafunzi kuhusu rasi ni zuri kuliko yote hapa.

Kisiwa kilicho karibu na pwani hufanya kazi ya kikinga-mawimbi. Mawimbi hupinda pande zote mbili, hukutana nyuma yake, nguvu zao hupungua na mchanga waliobeba huanguka. Mto Litani, unaoingia baharini kaskazini mwa Tiro, ulileta mchanga huo kwa maelfu ya miaka. Mwaka wa 2007 timu ya mtafiti Nick Marriner ilichapisha matokeo ya kutoboa udongo wa rasi hiyo: kabla ya Alexander tayari kulikuwa na fungu la mchanga chini ya maji kati ya kisiwa na bara, mita 1 hadi 2 tu kutoka juu. Wahandisi wake walijenga juu ya mgongo ambao bahari ilikuwa imeshauandaa. Tuta likaziba mkondo uliobaki, mchanga ukakosa pa kupita, ukajilundika pande zote mbili karne baada ya karne. Bandari ya kaskazini nayo ikajaa tope. Sehemu yake ya zamani iko chini ya majengo, na iliyobaki ni ya mashua za wavuvi.

Watu wa huku kwetu wana mfano wa karibu. Tuta lililounganisha Rusinga na bara pale Mbita miaka ya 1980 lilizuia maji kupita, magugu maji na uchafu vikakwama, hadi likajengwa daraja ili mkondo ufunguke. Ziwa halina mawimbi wala mchanga wa pwani ya Lebanon, kwa hiyo hatukupata rasi. Lakini kanuni ni ileile: ukiziba mkondo, umebadilisha pande zote mbili.

Waonyeshe darasani. Chukua beseni pana la plastiki, urefu wa mita moja ukiweza. Tandaza mchanga laini uliochujwa kwa chekeche, sentimita 3, na upande mmoja uinue uwe pwani yenye mteremko. Mimina maji taratibu hadi sentimita 5. Weka tofali la urefu wa sentimita 20 sambamba na pwani, umbali wa sentimita 12 kutoka ukingo wa maji, kichwa chake kikitokeza juu. Mtu mmoja asukume ubao upande wa mbali, mbele na nyuma, mwendo mdogo usiobadilika, kama mara moja kwa sekunde. Acheni dakika 20 mkitazama nyuma ya tofali: mchanga utaanza kutokeza ulimi kuelekea kisiwa.

Kuna makosa matatu ya kawaida. Mchanga wa ujenzi ni mkubwa mno, hausogei. Ubao ukisukumwa kwa nguvu, maji yanaruka na kubomoa pwani yote. Na tofali likiwekwa mbali, tuseme sentimita 40, ulimi hutokea lakini haufiki. Umbali ukiwa mdogo kuliko urefu wa kisiwa ndipo hufunga.

Ulimi ukishaanza, mwanafunzi mmoja apange kokoto kutoka pwani hadi kwenye tofali, halafu endeleeni dakika 20 nyingine. Pimeni upana wa mchanga kabla na baada.

Bathiki_Kakamega

Tieni matone ya nili majini upande mmoja wa kokoto. Mtaona mkondo ulivyokatika bila kungoja mchanga.